Vitufe vingi mno kwenye UGS: bakisha hivi tu

Fundi wa Langoni, umeuliza upunguzeje vitufe vya UGS, programu ya kompyuta ya kuendesha mashine ya CNC, ili kijana anayechonga nakshi kwa 3018 (mashine ndogo ya CNC) yenye Grbl 1.1, programu ya ndani ya bodi yake, asibonyeze ovyo. Kupanga skrini ni kazi ndogo: shika kichwa cha dirisha, likokote utakako, usilolitaka lifunge. Bakisha vipimo vya X, Y, Z, vitufe vya kusogeza na makro (kitufe kimoja kinachotuma amri kadhaa). Dirisha linalochora njia ya biti lifunge, huilemea kompyuta kuukuu. Ukivuruga mpangilio, menyu ya Window ina Reset Windows.

Shughuli iko kwenye makro. Amri hutenganishwa kwa nukta-mkato. Hii ni ya kutafuta uso wa mbao kwa bati la kugusia la milimita 15:

G21;G91;G38.2 Z-25 F100;G0 Z2;G38.2 Z-4 F25;G10 L20 P1 Z15;G0 Z10;G90

Mguso wa pili ni wa polepole kwa sababu G10 L20, amri inayoandika kipimo cha Z, hushika pale mashine iliposimama, si pale ilipogusa, na kwa mwendo wa kasi biti hupitiliza kidogo. Kwenye nakshi ya mbambakofi yenye kina cha milimita moja, kidogo hicho huonekana. Pima bati kwa vernia, usiamini namba ya kwenye pakiti. ALARM:4 maana yake klipu ya waya (hubanwa kwenye biti) na bati vimeshagusana kabla ya kuanza. ALARM:5, biti imeshuka yote 25 isikute kitu: waya umekatika, au klipu imeshika kutu, na kwa chumvi ya hewa yetu haikawii. Ukishaifungua mashine kwa $X, tuma G90 (kupima kutoka sifuri) mwenyewe, maana makro haikuifikia.

Kitufe cha kuogopa ni cha kurudi sifuri. 3018 nyingi hazina swichi za mwisho, zinazotambua mwisho wa mwendo. Bodi ikizimwa na kuwashwa, Grbl huhesabu hapo ilipo kuwa sifuri ya mashine, na huku G54 (sifuri ya kazi) ya jana imo bado kwenye kumbukumbu. Biti inaweza kuvamia vibano. Mnyime kijana kitufe hicho mpaka ufunge swichi, uweke $22=1 kuiruhusu $H, naye azoee $H, amri ya kuipeleka mashine kwenye swichi ipate sifuri yake. Hapo ndipo umpe makro hii ya kurudi:

G21;G90;G53 G0 Z-2;G54;G0 X0 Y0

Akitaka kusimamisha, asitishe kwanza, mashine itulie, ndipo reset. Reset katikati ya mwendo huleta ALARM:3, na vipimo si vya kuaminika tena. Kusitisha hakuzimi mota ya biti, kwa hiyo swichi nyekundu ya kukata volti 24 iwe mezani, mkono unapofika. Ikishakatwa, bodi inayopata umeme wa USB bado itadai inajua ilipo, rudia $H.