Kigawo au kigawe?

SWALI: Mimi ni mama wa Langoni, Lamu. Mjomba wake mwanangu amemletea kitabu cha hisabati kutoka Tanga. Ukurasa mmoja unasema "kigawo kikubwa cha shirika", wa pili "kigawe kidogo cha shirika". Sisi hesabu tulisomeshwa kwa Kiingereza. Hicho kigawe ni kosa la chapa? Na shirika lenyewe ni la nani?

JIBU: Si kosa, mama. Tazama mwisho wa neno. Kizibo ndicho kizibacho, kifuniko ndicho kifunikacho. Basi kigawo ndicho kigawacho. Lakini mtume ni aliyetumwa, na kiumbe ni kilichoumbwa. Kigawe kimefuata njia hiyo: ndicho kinachogawanywa. Kwa hiyo 12 ni kigawo cha 60, na 60 ni kigawe cha 12. Herufi moja tu, na aliyekuwa juu ya kisu amekuwa chini yake.

Shirika hapa si kampuni. Ni lile la wazee wetu waliposema jahazi la shirika, yaani mali ya wawili au zaidi. Chukua miti ya mikoko. Una pau korija tatu, ndizo 60, na boriti 48. Wataka mafungu yaliyo sawa, kila fungu na pau zake na boriti zake, usibaki mti hata mmoja. Ukiacha fungu 1 la pamoja, waweza kupanga mafungu 2, 3, 4, 6 au 12. Hivyo vyote ni vigawo vya shirika vya 60 na 48. Kikubwa ni 12: kila fungu pau 5 na boriti 4.

Wengine huongeza "zaidi" baada ya "kikubwa". Sioni haja. Mzazi husema "mwanangu mkubwa" hata kama mtoto ana miaka saba, na hakuna anayemuuliza mkubwa kuliko nani.

Ila neno moja mwanao asiliache: "bila baki". Hata 50 hugawanyika kwa 12, lakini hubaki 2, na hapo 12 si kigawo chake.

Vifupi vya kigawo kikubwa cha shirika na kigawe kidogo cha shirika ni KKS na KDS. Cha pili nacho kingekuwa KKS, vikashindwa kutofautishwa, ndipo ikachukuliwa D ya "-dogo". Akikuuliza D imetoka wapi, mwambie asiitafute mwanzo wa neno.