Elfu mbili za Ma Mkubwa, na safari ya kuzifuata kutoka Siyu

Ndugu wa Kizingitini uliyeuliza kuhusu Inua Jamii, zile pesa serikali ya Kenya inazowalipa wazee wa miaka 70 kwenda juu, swali lako lina vipande viwili. Mamako ana miaka 68, hana mume, hana mshahara, wataka kujua ataingiaje kwenye pesa za wazee. Kisha ukaongeza, kwa hasira kidogo, kama hizo shilingi 2,000 za mwezi zina maana yoyote au ni za kuwafunga watu midomo. Waliokujibu wote wamedaka kipande cha pili na kukimbia nacho hadi kwenye siasa: huyu pesa ni ndogo, yule zinawafanya wazee wategemezi, huyu tuna zaka, yule akaleta fidia ya wavuvi. Mimi naanza na cha kwanza kwa sababu nimekipitia na mama yangu mkubwa wa Siyu, huko huko kisiwani Pate.

Mimi ni fundi cherehani hapa Amu (Lamu) mjini, nakaa mtaa wa Langoni. Ma Mkubwa ni dadake mamangu, na katika maisha yake yote kazi yake imekuwa kusuka ukili, ule ukanda wa miaa. Mikeka, makanda, misala. Ule ukili kumbukeni, maana nitaurudia.

Mwaka 2017 serikali iliandikisha wazee wote wa miaka 70 kwenda juu, na 2018 malipo yakaanza. Huu mpango wa Inua Jamii ulikuwepo kabla ya hapo: wa yatima ulianza kwa majaribio 2004, wa wazee ukafuata, wa wenye ulemavu mkubwa ukaja 2011. Lakini kabla ya 2018 ilikuwa lazima mzee aonekane maskini ndipo aandikwe. Mwaka huo ndipo umri ukatosha, kwa asiye na pensheni. Basi mjomba wangu, mdogo wake Ma Mkubwa, yule aliyebebwa mgongoni na Ma Mkubwa huyo huyo, akaandikwa. Ma Mkubwa akaachwa.

Kisa ni kitambulisho. Mjomba kitambulisho chake chasema 1946. Cha Ma Mkubwa chasema 1952. Alikichukua ukubwani, cheti cha kuzaliwa hakuwa nacho (nani Siyu wakati ule alizaliwa kwa cheti? Mkunga ndiye cheti), karani akamtazama usoni akakadiria. Ma Mkubwa alikuwa mzuri wa sura, na uzuri huo ukaja kumgharimu miaka mingi ya malipo. Sisi nyumbani tulicheka kwanza. Mjomba akawa yuwamwita "mdogo wangu" mbele ya watu. Kisha pesa za mjomba zikaanza kuingia, na kicheko kikaisha.

Tulijaribu kusahihisha mwaka. Tukaambiwa tulete cheti cha kuzaliwa, kisha karatasi ya daktari ya kukadiria umri, kisha barua ya chifu, na kila karatasi ilihitaji safari yake. Tukachoka. Tukaamua kusubiri afike 70 kwa hesabu ya serikali, yaani 2022. Akafika, tukaambiwa uandikishaji umefungwa. Aliandikwa 2023. Kwa hesabu yetu ya nyumbani alikuwa ameshapita 80.

Kwa hivyo, ndugu, jambo la kwanza: usinitajie miaka 68 ya mamako. Nitajie mwaka ulioandikwa kwenye kadi yake. Na kama kadi imekosea, anza kusahihisha leo, angali ana nguvu ya kupanda mashua. Katiba yenyewe, ukiisoma mwishoni kwenye maana ya maneno, inamwita mzee aliyepita miaka 60. Malipo yanamngoja afike 70. Ile miaka kumi ya katikati kila mtu anaogelea kivyake.

Sasa safari ya kwanza ya kwenda kuchukua.

Zilikuwa zimeingia za miezi miwili, 4,000. Siyu, kwa asiyepajua, mashua haifiki ufukweni wakati wowote upendao. Kuna mkono wa bahari unaopita kwenye mikoko, na maji yakipwa ni matope. Tukatoka alfajiri na maji kujaa, yeye na mimi, maana mimi ndiye nilikuwa nimejiandikisha kuwa mlezi wake, yaani wa kumchukulia pesa akishindwa. Tukafika Amu jua limepanda. Kutoka gatini nikamwambia, Ma Mkubwa, tukodi punda. Akaniangalia kwa mato makali. "Mimi si mtanga wa kupakiwa punda." (Mtanga ndio mchanga, kwa ndugu zetu wa bara. Hapa punda hubeba mchanga na mawe ya kujengea.) Tukaenda kwa miguu, tukipumzika kila baraza yenye kivuli.

Tukafika kwa wakala wa malipo. Mtandao umekwenda. Tukakaa mpaka adhuhuri, ukarudi. Akaweka kidole. Mashine ikakataa. Kidole kingine, ikakataa. Zanda zote kumi, moja baada ya moja, na nyuma yetu foleni ikinung'unika. Ule ukili, ndugu zangu. Miaka sitini ya kusuka imezifuta zanda zake zikawa laini kama kokoto za pwani. Kila mtu kwenye foleni akawa tabibu: mpake ndimu, muoshe na maji ya moto, mfutie kanga kavu. Tulifanya yote. Ma Mkubwa akasema polepole, bila hasira, neno ambalo mpaka leo silisahau: "Hii mashine yaniambia sikufanya kazi, na ni kazi iliyozila."

Nikatoa changu mimi mlezi. Hapo nako kukawa na hadithi, jina langu lilikuwa halijapanda kwenye orodha yao. Tulilala kwa binamu yangu siku mbili. Siku ya tatu changu kikakubali, na wakala akakata 200 za "chai", ambazo sikuwa na nguvu ya kuzigombea ingawa najua si halali. Nilipopiga hesabu ya nauli yetu wawili kwenda na kurudi, kula, na hizo mia mbili, katika 4,000 zilizofika Siyu zilikuwa 2,350. Siku nilizofunga cherehani sizihesabu.

Hapo ndipo ninapotofautiana na waliosema pesa ni ndogo tu basi. Ni ndogo, kweli. Zilikuwa 2,000 mwaka 2018 na hazijaongezwa hata shilingi moja, na mwaka 2023 tulinunua sukari kwa zaidi ya 200 kilo. Lakini mzee wa mjini Amu na mzee wa Siyu wanaandikiwa 2,000 ile ile, na mmoja anapokea 2,000, mwingine anapokea 1,175 na kiarusi cha miguu. Huku kwetu watu hawaachwi nje kwenye orodha peke yake. Wanaachwa kwenye maji. Kama pana mtu mwenye sikio huko juu, asituongezee kwanza, alete mashua ya malipo Siyu, Faza na Kizingitini siku moja kila awamu, na mashine iwe na njia ya pili kwa wasio na zanda. Waganga wa chanjo wanafika kwa mashua. Karani wa uchaguzi anafika hadi Kiunga, karibu na mpaka wa Somalia.

Aliyeandika kwamba pesa hizi zinawafanya wazee wategemezi, sijui alikuwa anafikiria mzee gani. Nikuambie elfu mbili zilifanya nini. Ya kwanza, daftari la duka. Mwenye duka wa mtaani alikuwa hamkopeshi tena Ma Mkubwa, kwa heshima, akimwambia "unga haujafika". Alipojua kuna kitu kinaingia, hata kwa kuchelewa, unga ukaanza kufika. Yaani anakula kila siku kwa pesa ambayo haijatoka bado. Ya pili, alirudi kwenye mchezo wa kuchangiana pesa na wenzake, 100 kwa wiki. Alikuwa ametoka kwa aibu tangu mumewe afe. Mwanamke wa kwetu akitoka kwenye mchezo, habari za harusi na za maziko huanza kumfika mwisho. Ya tatu ni ndogo lakini mimi ndiyo iliyoniliza: wajukuu wakitaka kalamu ya madrasa humwendea yeye. Na ukili bado anasuka. Tegemezi yuko wapi?

Kuna mwengine alisema sisi tuna zaka, serikali ya nini. Ndugu yangu, zaka ni nguzo, na sadaka za Ramadhani mji huu zinajulikana. Lakini zaka inatoka kwa aliye nacho kumwendea anayemjua, na kijiji kizima cha wavuvi kikikosa samaki kusi lote, hapo nani ampe nani? Zaidi ya hapo, zaka inamwendea anayeonekana mhitaji, na watu wetu ni mabingwa wa kutoonekana. Mtu anafunga mlango, anachemsha maji matupu ili jirani asikie sufuria.

Hili la kuonekana liliwaumiza wengi enzi ya kuchaguliwa kwa umaskini, na bado linawaumiza kwenye mipango mingine. Karani anakuja na karatasi yake: ukuta wa nini, paa la nini, choo gani, mifugo mingapi. Siyu na Pate ukuta ni wa mawe. Babu zetu walijenga kwa matumbawe kwa sababu ndiyo yaliyokuwepo. Nyumba ya Ma Mkubwa ina ukuta unene wa mkono, na makuti yake yanavuja kila masika. Karani kutoka bara, kwao nyumba ya mawe ni ya tajiri na ya udongo ni ya maskini. Anaandika "mawe" anaondoka. Nyumba imeandikwa tajiri, aliyemo ndani hana unga. Sasa bima mpya ya afya iliyoanza Oktoba 2024 imerudisha maswali ya namna hiyo kwa sisi tusio na mshahara: asilimia 2.75 ya mapato wanayokukadiria, isipungue 300 kwa mwezi, na ulipe ya mwaka mzima kwa mpigo. Mvuvi akiulizwa mapato yake Januari, kaskazi ikivuma vizuri, si yale ya Juni. Utalipaje mwaka mzima kwa mkupuo kama riziki yako inakwenda na upepo?

Fidia ya wavuvi ya bandari ya Lamu, aliyoileta mmoja wa waliokujibu, ni jambo jingine, tusichanganye. Ile ilitokana na hukumu ya Mahakama Kuu ya Malindi ya 2018, shilingi bilioni 1.76 kwa wavuvi wapatao 4,600, na ni haki ya aliyeharibiwa kitu chake. Pesa za wazee hazidai mtu awe ameharibiwa kitu, Kifungu cha 43 cha Katiba kimeshasema serikali itawapa hifadhi wasioweza kujikimu. Ukienda ofisini usiende kuomba. Mimi nilienda mara tatu nikiomba, mara ya nne nikaenda na Katiba ya Kiswahili niliyoazima kwa mwalimu, na nikapewa kiti. Karatasi haikubadilika, ila kiti nilipewa.

Na kabla hatujajihurumia mno sisi wa visiwani, kuna Waboni wa Basuba, watu wa msituni huko bara ya Lamu. Uwindaji, ndio ulikuwa ghala lao, ulipigwa marufuku nchi nzima 1977, kisha vurugu za tangu 2014 zikaja juu yake, wakakaa miaka bila shule inayofunguka vizuri. Mzee wa Mangai, kijiji chao kimoja, kwenda kutafuta wakala si suala la maji kujaa, ni suala la kama barabara ya leo ina usalama. Sitajifanya kuwasemea. Lakini mashua ya malipo ikija Siyu kabla ya gari la malipo kufika Mangai, nitaona haya kidogo.

Turudi kwa mamako. Angalia mwaka wa kadi, hilo nimeshasema. Laini ya simu iwe kwa jina lake mwenyewe, sio la mjukuu; tuliona jirani ambaye mjukuu alihamia Mombasa na ujumbe wote wa malipo ukahamia naye. Mlezi mwandikishe mapema na uhakikishe jina limepanda kweli kwenye orodha, usikubali kuambiwa "tumeandika". Awe mtu anayekaa naye kisiwani, sio wewe uliye mbali, la sivyo utakuwa kama mimi, kufunga kazi kila miezi miwili. Akiitwa kuhakikiwa kuwa yuko hai, aende hata kama mwaka jana alikwenda, kwa sababu asiyeonekana huhesabiwa amekufa. Hilo lilimpata mjomba: miezi minne alikuwa marehemu kwenye kompyuta, na Ma Mkubwa akamtania mpaka leo, "Marhumu, waja kula?"

Na mamako anafanya kazi gani za mikono? Kama ni ukili, au mshipi, au kupasua nazi, mpeleke akachukuliwe alama za vidole mapema, akiwa bado anazo.