Kutoka ustawi wa jamii na chuoni hadi udiwani: jibu langu kwa mleta uzi

Mleta uzi, salaam. Umesema unafundisha ustawi wa jamii chuoni, kabla ya hapo ulikuwa afisa ustawi wa halmashauri huku kwetu kusini, na sasa wazee wa kata yenu wanakuita urudi ugombee 2030. Umeuliza mambo matatu: uanze na udiwani au uende moja kwa moja kwenye ubunge, watu uliowahudumia watakubeba kiasi gani, na ukishindwa utarudi wapi.

Nimepita njia hiyohiyo, mdogo wangu. Nilikuwa afisa ustawi, nikaenda kusoma, nikafundisha, kisha 2015 nikagombea udiwani katika wilaya moja ya mkoa wa Mtwara na nikakaa barazani hadi 2020. Swali la pili nitalijibu kwa kirefu, kwa sababu ndilo linaloharibu watu wetu wazuri.

Watu uliowahudumia usiwahesabu kuwa kura. Unajua mwenyewe kilichokuwa kinapita mezani pako. Msimu wa korosho ukiisha na hela zimeingia, wanakuja kina mama wa matunzo ya watoto: baba amepokea malipo, kahamia kwa mwingine, watoto hawana sare. Wanakuja wa usuluhishi wa ndoa. Analetwa binti aliyefanyiwa ukatili, bibi yake kamshika mkono, fomu ya polisi ya PF3, ya kupelekwa nayo hospitali, bado haijajazwa. Mashauri hayo yote unayo kichwani hata baada ya kukabidhi mafaili. Sasa unaingia kwenye ua wa nyumba ileile ukiwa mgombea, mume yuko barazani, majirani wamejaa. Yule mama hakuchagua kukwambia siri zake ili siku moja umwombe kura. Alikwambia kwa sababu hakuwa na pa kwenda.

Kanuni niliyojiwekea ilikuwa hii: sitaji shauri la mtu, na simsalimii mteja wangu wa zamani kwa namna itakayowafanya watu waulize tumejuana wapi. Akianza yeye, sawa. Asipoanza, namsalimu kama ninavyosalimu wote na kupita.

Aliyekuwa anaratibu kampeni yangu alitaka mama mmoja apande jukwaani aeleze jinsi nilivyomsaidia binti yake. Aliona ni ushuhuda wa nguvu. Nilikataa, tukagombana kweli. Mahakama ya watoto husikiliza mashauri bila umma kuingia, na sababu yake ni hiyohiyo: mtoto atakua, ataolewa, ataishi palepale kijijini. Mkutano wa kampeni unaisha saa kumi na mbili jioni, lakini maneno yaliyosemwa kwenye kipaza sauti yanabaki na yule binti maisha yake yote. Mratibu wako akikuletea wazo la namna hiyo, likatae siku hiyohiyo, usiseme utalifikiria.

Upande wa pili wa jambo hili wasomi wengi hawauoni. Wapo wanaume uliowabana walipe matunzo, na wao pia ni wapiga kura. Katika kikao kimoja alisimama bwana mmoja akasema mimi ndiye niliyekuwa navunja ndoa za watu pale ofisini. Shauri lake nilikuwa nalikumbuka lote, na lingemnyamazisha. Sikulitaja. Nilieleza kazi ya ofisi ya ustawi, nikaeleza Sheria ya Mtoto ya 2009 inampa mtoto haki ya kutunzwa na wazazi wote wawili, nikaketi. Kina mama waliokuwa pale walielewa kwamba kama sikumwaga siri ya mtu aliyenitukana, za kwao ziko salama. Kwangu hilo lilikuwa kubwa kuliko hotuba yoyote niliyotoa.

Halafu kuna TASAF, Mfuko wa Maendeleo ya Jamii. Utakutana na kaya zinazoamini kwamba wewe, kwa kuwa ulikuwa mtu wa ustawi, unaweza kurudisha jina lililokatwa kwenye mpango wa kunusuru kaya masikini. Usiahidi. Waeleze majina yanavyoibuliwa kwenye mkutano wa kijiji na malalamiko yanapopelekwa. Utapoteza watu kadhaa hapo, wacha wapotee.

Mdau mmoja hapo juu amemtaja Clement Attlee wa Uingereza kama ushahidi kwamba mtu wa ustawi akishika madaraka, maskini wamepata mwenyewe. Mfano ni mzuri, ila ausome hadi mwisho. Ni kweli Attlee alisimamia klabu ya vijana huko Stepney, mashariki mwa London, akaishi humohumo kwenye umaskini, akafundisha katika chuo cha LSE, akawa meya wa Stepney mwaka 1919, mbunge mwaka 1922 na waziri mkuu kuanzia 1945. Serikali yake ndiyo iliyoanzisha huduma ya afya ya taifa mwaka 1948. Ndiyo hiyohiyo iliyoleta mradi wa karanga Nachingwea, Kongwa na Urambo. Wazee wa Nachingwea wanaujua: matrekta yakang'oa pori, reli ikajengwa, bandari ya Mtwara ikachimbwa kwa ajili ya karanga ambazo hazikuja. Mradi ulifutwa Januari 1951, na bandari ikakamilika 1954 wakati karanga zimeshakuwa historia. Reli nayo iling'olewa miaka michache tu baada ya uhuru.

Mtu ni yuleyule, chama ni kilekile. Stepney alikuwa ameketi na watu sebuleni kwao. Nachingwea mipango ilitoka London, na mwenye jembe aliyejua mvua za kule hakuwa na sauti katika maamuzi. Kwa hiyo shahada yako na miaka yako ya ofisini haikupi ujuzi wa kudumu kuhusu maskini. Ujuzi huo ni wa mahali ulipoketi na wakati ulipoketi. Umekaa chuoni muda mrefu, na kata unayoikumbuka siyo kata iliyopo leo. Ukirudi, rudi kama mtu anayeanza kuuliza upya.

Na ukiuliza, utaambiwa korosho. Ratiba ya siasa yetu imekaa juu ya ratiba ya mkorosho. Kura za maoni, za kumpata mgombea ndani ya chama, huangukia Julai na Agosti, watu wako mashambani wanapulizia salfa, tena alfajiri umande ungali kwenye majani. Ukipanga kikao asubuhi utaongea na viti. Kampeni zenyewe zinafika Oktoba, mavuno yanaanza na minada inafunguliwa, kila swali ni bei, makato na lini AMCOS, chama cha ushirika cha wakulima, italipa. Hapo ndipo ustawi wa jamii ulinisaidia kweli. Wagombea wenzangu walikuwa wakilaani kangomba, yaani korosho kununuliwa kwa mkulima nje ya utaratibu kwa bei ndogo, kama wizi wa walanguzi tu. Mimi nilikuwa nimeiona kutoka ndani ya kaya: mama anauza korosho zikiwa bado maua, kwa bei ya kutupa, kwa sababu ana mgonjwa na ghala la chakula limeisha. Ukimkamata mlanguzi bila kugusa njaa ya yule mama, mwakani atauza tena. Nilizungumza hivyo mikutanoni na watu walinyamaza kusikiliza, maana hakuna aliyekuwa ameyasema mbele yao bila kuwalaumu.

Kuhusu wajumbe, wale wanaopiga kura za maoni chamani: baada ya kura za maoni za 2020 nchi nzima ilikuwa na msemo kwamba wajumbe si watu. Siupendi hata kidogo. Mjumbe wa huku ni mama mkulima aliyeitwa kikao bila nauli na kuachwa na njaa hadi jioni. Lakini usitoe hela. Mahakama Kuu ilibatilisha vifungu vya takrima, vilivyoruhusu mgombea kuwakirimu wapiga kura, mwaka 2006, na Sheria ya Gharama za Uchaguzi ya 2010 inakubana zaidi. Kuna na sababu ya pili, ya fani yetu: uliyemlipa leo, kesho hawezi kuja kukwambia ukweli kuhusu shule ya kata.

Ukishinda, shida inageuka. Watu wataendelea kukuletea kesi mojamoja, na mkono utakuwasha kumpigia afisa ustawi aliyekurithi kumuuliza shauri la fulani limefikia wapi. Usipige. Ofisi ile siyo yako tena, na ukiigusa umeiingiza kwenye siasa. Kazi yako sasa ni bajeti. Halmashauri zetu zinategemea ushuru wa korosho, na bei ikianguka, kitu cha kwanza kukatwa ni kile kisicho na jengo la kuonesha: mafuta ya pikipiki ya afisa ustawi, nauli ya kumpeleka mtoto hospitali. Sogeza kiti chako karibu na kamati ya fedha, usome makabrasha kabla ya kikao, ufuatilie ile asilimia 10 ya mapato ya ndani ya halmashauri inayotengwa kwa mikopo ya wanawake, vijana na watu wenye ulemavu hadi ujue vikundi gani vimepata. Wewe ndiye mwenyekiti wa kamati ya maendeleo ya kata, kwa hiyo hapo ndipo unaposikiliza malalamiko, mbele ya watu wote, siyo nyumbani kwako usiku.

La kwanza, basi: anza na udiwani. Ubunge utakupeleka Dodoma kabla hujaijua kata upya. Najua watakwambia msomi wa chuo kugombea udiwani ni kujishusha. Usiwasikilize.

La tatu: onana na ofisa utumishi wa chuo mapema, uulize kwa maandishi waraka unaotumika sasa unasemaje kuhusu mtumishi anayegombea, na likizo bila malipo inaanzia hatua gani. Mimi nilirudi kufundisha kwa mkataba wa muda, na wanafunzi wangu wa mafunzo kwa vitendo siku hizi nawapeleka hadi kwenye vikao vya kata.

Nijulishe kata yenu iko juu uwandani au bondeni kuelekea mto Ruvuma. Juu kule maji ndiyo ajenda inayotangulia hata korosho, na ningependa nikueleze tulivyoishughulikia.