Ugali wa Babu, Pilau ya Shangazi: Majibu kwa Maswali Yenu ya Chakula

Baba yangu anasema ugali ni chakula cha mababu. Mwanangu karudi shuleni na habari kwamba mahindi yaliletwa na Wareno. Nani mkweli? (Msomaji, Dodoma)

Wote wawili, ila wanazungumzia vitu viwili tofauti. Ugali ni mapishi: maji yachemke, unga utiwe, mwiko ukoroge na kusonga mpaka mkono uchoke. Unga wenyewe, kwa karne nyingi, ulikuwa wa mtama, uwele au ulezi, nafaka ambazo Mwafrika alianza kuzilima mwenyewe katika bara hili. Kwa kuwa umeandika kutoka Dodoma, muulize baba yako kuhusu ugali wa uwele. Nadhani utapata jibu refu.

Mahindi asili yake ni Mexico. Yalivuka bahari baada ya safari za Columbus, na Wareno wakayafikisha pwani yetu baada ya kuingia Bahari ya Hindi mwaka 1498. Hayakuteka sufuria mara moja. Yalilimwa kidogo kidogo pembezoni mwa mtama, mengi yakiliwa mabichi, ya kuchoma au kuchemsha.

Yaliyoyapa mahindi enzi ni mambo ya karne ya 20. La kwanza ni ndege. Mtama na uwele masuke yake yako wazi, kwa hiyo lazima mtu akae shambani kuamia ndege kuanzia alfajiri, na kazi hiyo ilikuwa ya watoto. Hindi limevaa maganda yake, kwa hiyo mtoto anaweza kwenda shule. La pili ni posho. Kwenye mashamba ya walowezi, katani, reli na migodi, kibarua alipewa unga wa mahindi kama sehemu ya ujira, na vijana wakarudi kwao wakiwa wamezoea ladha hiyo. Hadi leo Mganda anauita ugali wenyewe "posho". Lubumbashi, ambako migodi ya shaba ilikusanya watu kutoka kila upande, wanauita bukari, na unga wa mahindi ndio unaotawala.

Na kwa nini mweupe? Walowezi wa Kenya walipanda mbegu nyeupe kwa sababu soko la wanga la Uingereza lililipa vizuri zaidi kwa mahindi meupe. Baadaye yale ya njano tukayajua kwa sura mbaya, kama chakula cha msaada wakati wa njaa. Watanzania waliokula unga wa yanga miaka ya 1970 hawahitaji kukumbushwa. Inachekesha kidogo, kwa maana mahindi ya njano ndiyo yenye viini vya vitamini A ambavyo meupe hayana. Lakini jaribu kumpelekea mkwe wako ugali wa njano uone.

Watu wa pwani walikula nini miaka 700 iliyopita? Kuna ushahidi, au ni masimulizi tu? (Msomaji, Kilifi)

Upo, na mwingine uliandikwa na mtu aliyependa kula. Ibn Battuta, msafiri wa Tangier, alipita mwambao huu mwaka 1331. Mogadishu alikaribishwa kama mgeni wa sultani, na akatuachia karibu kila kilichoandaliwa: wali uliopikwa kwa samli, umepakuliwa kwenye sinia kubwa la mbao, na juu yake vitoweo vya kuku, nyama, samaki na mboga. Pembeni kulikuwa na ndizi mbichi zilizopikwa kwa maziwa. Kisha maziwa ya mgando yaliyowekewa achari ya ndimu, pilipili zilizolowekwa kwenye siki na chumvi, tangawizi mbichi na maembe mabichi ya achari. Ukila tonge la wali, unafuatisha kidogo cha hivyo vichachu. Anaongeza kwamba mtu mmoja wa mji ule hula kiasi cha kundi zima la wenzake, na kwamba wamenenepa kweli kweli.

Angalia meza hiyo vizuri. Achari ya embe, wali, samaki na ndizi bado zimo Mombasa na Lamu leo, hata mpangilio wake. Angalia pia visivyokuwepo: nyanya, viazi, muhogo, mahindi. Hata pilipili aliyoitaja haiwezi kuwa ile kali tunayoijua, kwani pilipili mbuzi na jamaa zake zote zilitoka bara la Amerika karne mbili baadaye. Hizo lazima zilikuwa za ukoo wa pilipili manga. Kwa hiyo mchuzi wa nyanya na nazi tunaouita wa bibi zetu una nusu yake ya zamani sana na nusu yake ya juzi.

Ila hiyo ilikuwa meza ya wakubwa. Mombasa, anasema mwenyewe, chakula cha watu kilikuwa hasa ndizi na samaki, na nafaka ililetwa kutoka mwambao. Waakiolojia waliochimba Pemba wamepata picha inayofanana: katika mji wa kale wa Tumbe punje nyingi ni za uwele, na mpunga unaanza kuzidi baadaye, kule Chwaka, kuanzia karne ya 11. Wali ulikuwa chakula cha heshima na karamu, na vyombo vyake vilikuwa fahari. Nenda makaburi ya Kunduchi au Kaole utazame nguzo zake. Zile bakuli za Kichina zilizopachikwa mle hazikuwekwa kwa bahati mbaya. Mtu aliyewakirimu wenzake maishani alitaka hata kaburi lake liseme hivyo.

Pilau na biriani, kipi ni cha Waswahili? Tumegombana kazini. (Msomaji, Dar es Salaam)

Vyote viwili vilikuja na upepo wa kaskazi, kutoka Uajemi na India, na vyote viwili vimebadilika hapa kiasi kwamba mwenyeji wa huko vilikotoka hatavitambua haraka. Pilau ya pwani inapata rangi kwa kitunguu kilichokaangwa mpaka kikawa kahawia iliyoiva, si kwa manjano. Anayetia manjano kwenye pilau simhukumu, ila sirudi kwake. Viungo ni bizari nzima, iliki, mdalasini, karafuu na pilipili manga. Biriani ya Mombasa hupakuliwa wali mbali na masala yake mazito juu, tofauti na ya Hyderabad ambayo nyama na wali hufukizwa pamoja ndani ya chungu kimoja. Ukinilazimisha kuchagua, pilau ndiyo imekaa kwetu zaidi, kwa sababu inapikwa hata Moshi na Kisumu siku ya sikukuu na mtu ambaye hajawahi kuiona bahari.

Je, karafuu ni mmea wa Zanzibar? (Msomaji, Mwanza)

Hapana. Ni wa visiwa vya Maluku, Indonesia ya leo. Mikarafuu ilifika Unguja mwanzoni mwa karne ya 19 kupitia visiwa vya Wafaransa katika Bahari ya Hindi, na Sayyid Said akaisambaza mashambani, kazi ikifanywa na watumwa. Mwaka 1872 kimbunga kikubwa kiliing'oa mikarafuu ya Unguja, Pemba ikanusurika kwa sehemu kubwa, na tangu hapo Pemba ndiyo yenye karafuu.

Chai ya maziwa na tangawizi ni mila yetu au ya Wahindi? Mke wangu wa Pemba anainywa kavu, bila maziwa, na kunicheka. (Msomaji, Nakuru)

Wahindi wenyewe si wakongwe sana katika hilo. Chai ilikuwa kinywaji cha watu wachache India mpaka Waingereza walipofungua mashamba Assam, na kuizoesha mitaani kulikuja karne ya 20. Kwenu Kenya mche wa kwanza ulipandwa Limuru mwaka 1903, na makampuni makubwa yakaanza Kericho miaka ya 1920. Kwa muda mrefu Mwafrika alichuma chai asiyoruhusiwa kuilima. Wakulima wadogo walipata nafasi mwishoni mwa ukoloni, na KTDA, shirika la chai ya wakulima wadogo, ikaundwa mwaka 1964.

Maziwa yana sababu ya kiwandani. Karibu chai yote ya Kenya husagwa kwa mashine inayoponda, kuchana na kukunja majani mpaka yawe chembe ndogo. Chembe hizo hutoa rangi na ukali kwa dakika chache, na ukali huo unastahimili maziwa mengi na sukari nyingi ndani ya sufuria moja. Pemba ng'ombe si wengi kama Nakuru, na iliki, mdalasini na mchaichai viko nyuma ya nyumba. Mkeo hana kosa. Wewe pia huna, ila usimimine maziwa kwenye chai aliyotia mchaichai.

Nilifika Bukoba nikapewa kahawa nitafune. Nilidhani ni utani. (Msomaji, Arusha)

Si utani, ulikirimiwa. Wahaya walikuwa na kahawa yao, robusta, kabla Mzungu hajaleta miche ya arabika Kilimanjaro. Buni huchumwa, huchemshwa pamoja na majani yenye harufu nzuri, hukaushwa, kisha hutafunwa, na mgeni hupewa kabla hajaulizwa shida yake. Zamani ilihusika hata katika kuchanjana: tunda moja lina punje mbili, na wanaoapa undugu walipakana damu kwenye punje hizo, kila mmoja akameza ya mwenzake. Baada ya hapo kumgeuka mwenzio lilikuwa jambo la kutisha. Kwa hiyo wewe umepewa ya kawaida tu, usiogope.

Ijumaa nakwenda ukweni Unguja mara ya kwanza. Nasikia wanakula sinia moja. Nifanyeje nisiaibike? (Msomaji, Iringa)

Ukiletewa birika na bakuli, nawa, na usimnyang'anye anayekunawisha kwa kujifanya mnyenyekevu. Mkono wa kulia tu. Ngoja mkubwa aanze. Kula mbele yako, usivuke mpaka wa jirani hata kama nyama nono iko kwake. Katikati huwekwa kitoweo, na mwenyeji atakumegea na kukusogezea. Ukikuta amekusogezea kichwa cha samaki, shukuru na ule. Tonge lisiwe kubwa, na lishikwe na ncha za vidole, si kiganja. Ukishiba mapema usinyanyuke ukawaacha wengine. Endelea kudonoa kidogo kidogo mpaka wote wamalize.

Na ukipita ukumbini ukakuta wengine wanakula, wakakwambia "karibu", jibu ni "starehe". Usikae.