Maswali ya Wasomaji: Tamthilia za Marekani, Fedha na Haki ya Mwandishi

*Mhariri, salamu. Nafundisha fasihi sekondari. Wanafunzi wangu wamesoma A Raisin in the Sun ya Lorraine Hansberry na wanasema ni ugomvi wa familia kuhusu nyumba, basi. Niwaonyesheje uzito wake?*
Mwalimu, Tanga

Mwalimu, waache waanzie hapohapo kwenye nyumba, kisha wape kazi ya kuifuata hundi. Familia ya Younger, watu weusi wa Chicago, inapata dola 10,000 za bima ya maisha ya baba aliyefariki. Mama analipa 3,500 kama kianzio cha nyumba. Zilizobaki, 6,500, anamkabidhi mwanawe Walter na kumwagiza aweke 3,000 benki kwa masomo ya udaktari ya dada yake Beneatha. Walter hapeleki hata senti. Zote zinaingia kwenye mpango wa duka la pombe, na mwenzake anatoroka nazo. Andikeni hesabu hiyo ubaoni, onyesho kwa onyesho, na kwenye kila tarakimu waulize: nani aliamua, na nani hakuulizwa? Beneatha hakuulizwa.

Halafu waulize kwa nini Mama alinunua nyumba kwenye mtaa wa wazungu. Hakuwa anatafuta ugomvi. Anaeleza mwenyewe kwamba nyumba walizojengewa weusi, mbali huko, zilikuwa na bei kama maradufu. Alitafuta nyumba nzuri inayolingana na fedha aliyokuwa nayo. Hapo wanafunzi wataona ubaguzi ukifanya kazi kupitia bei, kabla mtu yeyote hajatukana.

Tarehe nazo ni muhimu mno, na mara nyingi darasa huziruka. Baba mzazi wa Hansberry alinunua nyumba mwaka 1937 mahali ambapo wamiliki walikuwa na mkataba wa kutowauzia weusi. Kesi ilifika Mahakama ya Juu ya Marekani, na mwaka 1940 familia ikashinda, ila kwa hoja ya utaratibu wa kesi tu. Uhalali wa mikataba yenyewe haukuguswa. Mwaka 1948 mahakama hiyo iliamua kwamba mikataba ya aina hiyo haiwezi kutekelezwa mahakamani. Sheria ya nchi nzima ya kukataza ubaguzi katika kuuza na kupangisha nyumba ilikuja 1968. Tamthilia ilifunguliwa Broadway, eneo la kumbi kubwa za maigizo za New York, Machi 1959, katikati ya miaka hiyo miwili, wakati jirani hawezi tena kuegemea mkataba lakini bado hakuna sheria ya kumbana. Ndiyo sababu Lindner, mjumbe wa wakazi, anakuja na adabu zake na ahadi ya kuinunua nyumba kwa bei itakayoipa familia faida, ili isihamie.

Mkiigiza darasani, kosa la kawaida ni kumpa nafasi ya Lindner kijana mkali mwenye sauti nene. Hadhira inamchukia akiwa bado mlangoni na onyesho linakwisha kabla ya kuanza. Mpeni mtu mpole. Akaribishwe kiti, aongee kwa heshima, Walter aanze kwa kuitikia kwa kichwa. Kadiri anavyokuwa mstaarabu ndivyo maneno yake yanavyochoma.

*Kikundi chetu kinataka kuigiza Death of a Salesman ya Arthur Miller kwa Kiswahili, Willy Loman awe machinga wa Kariakoo. Je, tunahitaji ruhusa?*
Kikundi cha sanaa, Dar es Salaam

Ndugu zetu, mnaihitaji, tena mara mbili: ruhusa ya kutafsiri na ruhusa ya kuigiza, kwa sababu moja haibebi nyingine. Tazameni ukurasa wa haki miliki mwanzoni mwa kitabu. Wakala wa maonyesho ametajwa hapo. Mwandikieni ukumbi, idadi ya viti, tarehe, idadi ya maonyesho na bei ya tiketi, kwa kuwa mrabaha, yaani malipo ya mwandishi, hukadiriwa kutokana na hayo. Semeni mapema kama mtarekodi video, maana hiyo nayo ni haki ya peke yake. Vikundi vingi huharibikiwa kwa kubandika mabango kwanza na kuomba baadaye.

Msibadili kitu kimyakimya. Tangu mkataba wa mwaka 1926 uliopiganiwa na chama chao, waandishi wa jukwaa wa Marekani hubaki na haki miliki ya kazi zao, na neno halibadilishwi bila idhini. Mwaka 1984 kundi la Wooster Group la New York lilichukua vipande vya The Crucible, mchezo mwingine wa Miller, kwa onyesho lake. Miller akatishia kwenda mahakamani, na onyesho likasimamishwa.

Kuhusu umachinga, tunawashauri mwachane nao hata mkiruhusiwa. Machinga anajiendesha mwenyewe. Willy ana bosi, na kiini cha mchezo kipo pale ofisini: ameitumikia kampuni miaka zaidi ya 30, anaomba dola 65 kwa wiki, anashuka hadi 50, kisha 40, na Howard, bosi kijana ambaye Willy alimjua tangu azaliwe, anamfukuza. Muda mfupi kabla ya hapo Howard alikuwa akimsikilizisha sauti za watoto wake kwenye mashine mpya ya kurekodi. Mtu asiye na mwajiri hawezi kuingia kwenye onyesho hilo. Afadhali awe mwuzaji wa kampuni anayezunguka mikoani kwa kamisheni, au mumwache Brooklyn alikoandikiwa. Miller mwenyewe alipouongoza mchezo huu Beijing mwaka 1983, kwa Kichina, aliwakataza waigizaji kujigeuza Wamarekani kwa mawigi na vipodozi. Hadhira ilielewa vizuri sana.

*Kama waandishi wa jukwaa wa Marekani wanamiliki kazi zao, mbona wengi wanakimbilia televisheni?*
Mwanafunzi wa chuo, Mombasa

Kwa sababu mmiliki hana mshahara. Mwandishi wa filamu au televisheni huuza haki yake, lakini anahesabiwa mwajiriwa, ana chama cha wafanyakazi na anaweza kugoma. Mwaka 2023 waligoma siku 148. Mwandishi wa jukwaa hulipwa tiketi zikiuzwa. Mchezo ukifungwa mapema, miaka ya kuuandika haimlipi kitu cha maana.

*Je, kuna Mmarekani aliyeandika kuhusu sisi wa mashariki mwa Kongo bila kutufanya picha za huzuni?*
Msomaji kutoka Bukavu, sasa Kampala

Dada, tafuta Ruined ya Lynn Nottage. Mwaka 2004 alikwenda Uganda na mwongozaji Kate Whoriskey kuwasikiliza wanawake wakimbizi wa Kongo. Alianza na wazo la kuigeuza tamthilia ya Bertolt Brecht, mwandishi Mjerumani, kuhusu mama mfanyabiashara wa vitani, akaliacha. Alichoandika ni baa ya Mama Nadi kwenye mji mdogo wa machimbo. Wanajeshi wa serikali na waasi wote hunywa humo, na mwenye baa anawalazimisha kutoa risasi kwenye bunduki kabla hawajahudumiwa. Anawalinda wasichana wake na anawauza, yote mawili, na Nottage hamtetei wala hamhukumu. Alipata Tuzo ya Pulitzer mwaka 2009.

Mwaka 2017 aliipata tena kwa Sweat, na hiyo nayo iko ndani ya baa, mjini Reading, Pennsylvania, ambako wafanyakazi wa kiwanda weusi na wazungu hunywa pamoja mpaka kiwanda kinapowafungia nje. Oscar, kijana wa asili ya Kolombia anayehudumu baa, anakubali kazi yao kwa ujira mdogo, na hasira yote inamwishia yeye badala ya wenye kiwanda. Ukizisoma mbili hizi kwa kufuatana utaona njia yake: anachagua chumba ambacho watu wanaopingana wanalazimika kukaa pamoja.

Wapo wanaosema mwisho wa Ruined una matumaini kupita kiasi. Hatukubaliani nao, Mama Nadi anafikia dakika ile ya kukubali kupendwa baada ya kuukataa upendo huo muda wote wa mchezo. Mkitaka kuiigiza mbele ya wakimbizi, kumbukeni kwamba ukatili mwingi unasimuliwa, hasa katika maneno marefu ya Salima, mmoja wa wasichana wa baa, na msiongeze kuuonyesha kwa vitendo. Waambieni watazamaji mlangoni kilichomo, acheni njia ya kutoka wazi na taa yake ikiwaka, na awepo mshauri nasaha ukumbini kuanzia onyesho la kwanza.