Kuungua kwa kemikali mkononi: anza na kemikali, si kidonda

Dada mmoja anayeandika misimbo ya magonjwa (ICD-10-CM, herufi na namba za Marekani zinazopelekwa bima) kwenye kliniki huko Texas ameniandikia akiwa amekasirika. Dai limerudishwa na bima. Mgonjwa ni mfanya usafi wa mgahawa, kamwagikiwa na dawa ya kuzibua mabomba yenye kostiki soda, na mgongo wa mkono wa kulia umetoka malengelenge. Dada kaandika T23.261A, basi. Anauliza kosa liko wapi, maana malengelenge ni daraja la pili na mkono ni huo huo.

Makosa ni mawili, na yote nayaona kila siku kwa watu wenye vyeti vyao.

La kwanza, T23 ni ya mkono na kifundo chake kuungua, na T23.2 humo ni daraja la pili la moto: mafuta ya kukaangia, mvuke, pasi, umeme. Kemikali ina safu yake ndani ya T23 hiyo hiyo. T23.5 ni daraja la kwanza, ngozi nyekundu tu. T23.6 ni la pili, T23.7 ni la tatu, na T23.4 ni pale daraja halikuandikwa. Tarakimu inayofuata inataja sehemu: 1 kidole gumba, 2 kidole kimoja kisicho gumba, 3 vidole kadhaa bila gumba, 4 vidole kadhaa pamoja na gumba, 5 kiganja, 6 mgongo wa mkono, 7 kifundo cha mkono. Kisha upande, 1 kulia na 2 kushoto. Kwa hiyo mgonjwa huyu ni T23.661A. Kama wekundu na malengelenge viko hapo hapo mgongoni mwa mkono, andika daraja la juu pekee. Kiganja nacho kikiungua, kipe msimbo wake. Ile 9 ya sehemu nyingi ni ya faili lisilotaja sehemu moja moja.

Waliosomea nchi za nyumbani kwa kitabu cha Shirika la Afya Duniani (ICD-10) hushangaa hapa, kwa sababu kule T23.6 inaishia hapo hapo, haina upande wala herufi ya mwisho. Marekani msimbo wa T23 ukikosa herufi na tarakimu zake zote saba hauhesabiki kuwa msimbo.

Kosa la pili ndilo zito. Chini ya T23.6 kuna maelekezo kwamba kemikali na nia vitangulie. Kostiki soda ni alkali, kwa hiyo mstari wa kwanza wa dai ni T54.3X1A. Maji ya betri ni asidi, T54.2X1A. Usikisie kwa jina la chupa. Soma kiambato, kisha kitafute kwenye jedwali la dawa na kemikali, maana kuna mitego: asidi ya hidrofloriki ikimwagika iko T54.2, mvuke wake uko T59.5. Ile X inashikilia nafasi tu, ila ukiiruka msimbo wote umeharibika. Tarakimu baada yake ni nia: 1 ajali, 2 kujidhuru, 3 kushambuliwa, 4 haikuweza kubainika. Faili likinyamaza kuhusu nia, ni ajali. Namba 4 ni ya daktari aliyeandika wazi kwamba haibainiki, si ya mwandishi aliyechoka saa kumi jioni.

Basi dai lote linasomeka hivi: T54.3X1A, T23.661A, T32.0 kwa eneo lisilofika asilimia 10 ya mwili (T31 ni ya moto, usiichukue), Y92.511 kwa mgahawa, Y99.0 kwa kuwa alikuwa kazini. Hizo za Y huandikwa mara moja tu, kwenye matibabu ya mwanzo. Kwa fidia ya kazini, hiyo Y99.0 usiisahau.

Halafu herufi A. Wengi wanaamini ni ziara ya kwanza. Sivyo! Ni matibabu yenyewe bado yanaendelea, hata ziara ya nne, hata kwa daktari mpya, hata siku ya kupandikizwa ngozi. D ni pale matibabu hayo yamekwisha na kidonda kinafuatiliwa kikipona. Kidonda kisichopona, au kilichooza, bado huandikwa kama cha sasa. Kovu likija kubana vidole baadaye, L90.5 ya kovu inatangulia na T23.661S inafuata, S ikiwa ni ya athari iliyobaki.

Wapo wanaotudharau kwamba tunanakili namba tu. Waache. Lakini na sisi tusiwape sababu kwa kujaza T23.4 kila daktari anapoandika "mkono umeungua kwa kemikali". Muulize. Na ukiuliza usimtilie jibu mdomoni, kama "je, ni daraja la pili?", kwa sababu mkaguzi akikuta swali la namna hiyo atasema umemwelekeza. Andika: "Maelezo ya tarehe fulani yanataja malengelenge na maumivu mgongoni mwa mkono wa kulia. Tafadhali taja kina cha kuungua, kama kinaweza kubainika." Swali hilo litie kwenye faili pamoja na jibu lake, na dai lisitoke mpaka jibu lirudi.