Nilichapa kauli mbiu, nikaimeza mwenyewe

Fremu yangu iko Mafiati, hapa Mbeya, na kazi yangu ni kuchapa: fulana, kofia, vitambaa vya msiba, jezi za timu za mtaani. Kila baada ya miaka mitano kazi inabadilika rangi. Nimechapa kijani na njano, nimechapa bluu, nyekundu na nyeupe, na ndoo iliyosuuziwa wino wa chama hiki asubuhi, jioni inasuuziwa wa chama kile. Ungedhani mtu kama mimi ndiye wa mwisho kudanganywa na fulana.

Mwaka 2015 mgombea udiwani mmoja aliniletea oda ya fulana mia tatu. Kata sitaji, chama sitaji. Mgongoni alitaka maneno manne tu: "Bomba liko njiani, jirani." Sasa, kuchapa kwa mkono maana yake unalaza fulana mezani, unashusha skrini, unavuta wino mara mbili, unainua, unainama kuangalia kama herufi zimekaa. Unasoma. Unaanika, unachukua nyingine. Mara mia tatu. Usiku wa tatu nilijikuta nayaimba yale maneno huku natafuta vibanio vya kamba. Tarehe 25 Oktoba nikaenda kituoni nikampa kura yangu.

Wiki chache baadaye mke wangu aliingia na ndoo ya maji kichwani, akaitua, akaniuliza, "Hivi baba, huyo diwani wenu alisema hilo bomba linatoka wapi?"

Nilifungua mdomo nikaufunga. Sikuwahi kumuuliza. Nilikuwa nimesoma ahadi yake mara nyingi kuliko mtu yeyote nchini, na sikujua chanzo cha maji ni kipi, pesa ni za nani, wala nani angechimba mtaro. (Nusu ya malipo yangu nayo iko njiani mpaka leo, jirani.)

Tangu siku hiyo nina mazoea ambayo na wewe nakushauri uyaanze: ukikutana na kauli mbiu, tafuta kitenzi. Zichukue zile kubwa tunazozikumbuka wote. "Ari mpya, nguvu mpya, kasi mpya" ya mwaka 2005, hakuna kitenzi. "Haki sawa kwa wote", hakuna. "Hapa Kazi Tu" na "Mabadiliko" za 2015, zile zilizotugawa hata ndani ya daladala, hakuna. "Kazi Iendelee" ina kitenzi, lakini hujaambiwa nani anaiendeleza. Bomba langu nalo lilikuwa na kitenzi, ila lilikuwa linakuja lenyewe kwa miguu. Sisemi walioziandika ni waongo. Wanajua kazi yao: mtendaji akitajwa anaweza kuulizwa, ndiyo maana hatajwi. Kwa hiyo mtaje wewe. Chukua kauli mbiu umalizie sentensi: nani, atafanya nini, wapi, lini, kwa pesa ipi. Kuna nyingine utamalizia vizuri tu, na hizo ziheshimu.

Bibi yangu mzaa mama, wa Tukuyu, angenicheka. Yeye alipiga kura mwaka 1965, enzi za TANU peke yake. Karibu kila jimbo wagombea walikuwa wawili, wote wa chama kimoja, na kwa kuwa watu wengi hawakujua kusoma, mmoja alipewa alama ya jembe na mwingine alama ya nyumba. Alinisimulia huku anamenya ndizi.

"Mimi nilimpa jembe."

"Aliitwa nani, bibi?"

"Nani akumbuke jina? Jembe."

Alama zile zilichaguliwa ziwe za kawaida, zisimbebe mtu. Lakini mpe Mnyakyusa jembe na nyumba uone kama atanyamaza. Watu wa jembe wakapita wakisema nyumba hailiwi. Watu wa nyumba wakajibu kwamba mvua ikinyesha hutajifunika jembe, na kwa mvua za Tukuyu hiyo si hoja ndogo. Mbunge akapatikana kwa ubishi ambao haukumhusu yeye hata kidogo. Na usidhani yamekwisha. Leo tukimsifu mchapakazi tunasema "huyu jamaa ni jembe", na chama tawala kimebeba jembe na nyundo kwenye bendera tangu 1977. Neno limeshalimiwa muda mrefu, mbegu yoyote ukitupa inaota.

Rangi inafanya kazi haraka kuliko maneno. Kijana wangu wa pale kwenye fremu alivaa fulana iliyoharibika, herufi moja ilikuwa imepinda, akapeleka mzigo Soweto, hapahapa Mbeya, kwa bajaji. Akatozwa nauli mara mbili. Dereva hakumuuliza hata jina. Kesho yake kavaa fulana ya chama cha pili, nayo imeharibika, akaitwa "kamanda", akapelekwa kwa nusu bei. Mtu ni yuleyule, na kura hana, alikuwa na miaka kumi na sita! Tulicheka sana, ila baadaye nikajiuliza mimi mwenyewe ni wateja wangapi nimewachangamkia kwa sababu ya kofia. Msimu wa kampeni sasa ninafanya hivi: mtu akiingia na sare, naanza na salamu za kwetu, kamwene au ugonile, namuuliza habari za shamba, halafu ndiyo tuongee. Jaribu. Dakika mbili za mahindi na mbolea zinamrudisha mtu kuwa mtu.

Kuna jambo ambalo halinichekeshi. Mwaka 2016 neno la mjini lilikuwa "kutumbua majipu". Jirani yangu mmoja, mtumishi wa ofisi ambayo sitaitaja, alisimamishwa kazi. Mtaa mzima tulisema katumbuliwa. Ndiyo hivyo, basi. Hakuna aliyeuliza ameshtakiwa kwa kosa gani, kwa sababu neno lenyewe lilishamaliza kesi: jipu halina utetezi, na likitumbuliwa mwenye mwili anapona. Tulikaa nyumba tatu kutoka kwake na sikwenda kumpa pole. Jipu linapewa pole? Baada ya miezi minane alirudishwa kazini, bila kosa. Tunasalimiana. Haturefushi.

Na huku kwetu nyanda za juu tunalo somo la zamani zaidi. Wakati wa ujamaa mwenye shamba kubwa aliitwa kabaila, mnyonyaji, kupe. Tarehe 25 Desemba 1971, Isimani, mkoani Iringa, mkulima Said Mwamwindi alimpiga risasi na kumuua mkuu wa mkoa, Dk. Wilbert Kleruu. Ugomvi ulikuwa wa ardhi na vijiji, na siwezi kukuambia kwamba neno ndilo lililofyatua bunduki. Ninachojua ni kwamba na kupe hukai kikao. Ukishampa binadamu jina la mdudu au la ugonjwa umebakiza njia moja tu ya kumshughulikia, na yeye pia anajua. Miezi mitano baadaye, Mei 1972, TANU ilikutana Iringa hukohuko ikatoa tamko la "Siasa ni Kilimo". Hilo neno halikumtukana mtu.

Kwa hiyo ukisikia mgombea wako, wako wewe, anawaita wenzake mchwa au kupe au jipu, shusha makofi kidogo. Uliza: mchwa huyo kala nini, shilingi ngapi, kesi iko mahakama gani? Na neno likifutwa ghafla shtuka vilevile. Edward Lowassa alijiuzulu uwaziri mkuu Februari 2008 kwa sakata la mkataba wa umeme wa Richmond, wapinzani wakamwita fisadi miaka yote ile, na 2015 akawa ndiye mgombea wao wa urais. Niliwachapia fulana zote mbili.

Sikuambii uzichukie alama. Niliwahi kupeleka oda Iringa nikapita Kalenga kuliona fuvu la Mtwa Mkwawa, mtawala wa Wahehe, kwenye kioo chake; Wajerumani walilipeleka kwao. Mkataba wa Versailles wa 1919 uliagiza lirudishwe, likachelewa mpaka 19 Juni 1954, gavana Edward Twining alipomkabidhi Adam Sapi, mjukuu wa Mkwawa. Twining alilichagua huko Bremen, kwenye rundo la mafuvu, kwa kupima vipimo na kutazama tundu la risasi. Fikiria: mkoloni anawarejeshea watu kichwa cha mtu aliyepigana na wakoloni, akitumaini watamshukuru. Siku kumi na nane baadaye TANU ikazaliwa. Nilisimama pale nikasisimka mwili, na sioni aibu. Fuvu halikuwa limebadilika, waliobadilika ni walioshika. Ndiyo maana siku hizi alama ikinisisimua naiacha inisisimue, kisha namtazama aliyeishika leo anataka nifanye nini.

Juzi kaingia mteja, kijana mtanashati, anataka fulana mia mbili. Kanionyesha maneno kwenye simu: "Kesho yetu, mikononi mwetu."

"Mikono ya nani?" nikamuuliza. "Na kesho ndiyo lini?"

Akacheka, akaweka malipo ya awali mezani. "Mzee, wewe chapa."

Nikahesabu pesa, safari hii zote kabla ya kazi, nikamwita kijana alete wino.